Majalada Yasiyo na Mwenyewe

Binti yangu anatengeneza kompyuta katika kibanda chake mtaa wa Ng'ambo, hapa Tabora. Mimi nikiwa sina la kufanya, yaani karibu kila siku, hukaa kando yake kwenye kiti cha plastiki nikimuuliza maswali mpaka anichoke. Juzi alikuwa na mashine ya mteja mmoja iliyokataa kufungua programu yoyote ya maana. Mteja alikuta mafaili mengi asiyoyajua, akajaribu kuyasoma, hayakusomeka, akayafuta ili apate nafasi ya picha za harusi.

"Haya si ya programu moja, Baba," binti yangu alisema. "Yanaitwa mafaili ya maktaba. Yanakaa pamoja, programu hii inaazima, na ile inaazima. Ukiuliza ni ya nani, hakuna anayejibu. Ukiyafuta, wote wanalia."

Nilicheka mpaka fundi viatu wa jirani akachungulia.

"Kuna nini?" binti yangu akauliza.

"Ugonjwa huo naujua. Niliutibu kwa nyuzi za kudarizi, wewe hujazaliwa."

Alinitazama kama anavyotazama wateja wanaosema kompyuta yao imelogwa. Ndiyo maana nimekaa kuandika.

Shule niliiacha darasa la nne. Hakuna aliyenifukuza. Ni miguu tu ilikataa kukaa chini ya dawati. Ile njia ya zamani ya misafara, iliyotoka pwani ikapita hapa Tabora kwenda Ujiji, niliitembea karibu yote kwa vipande vipande, sehemu kubwa baada ya Uhuru. Nilibeba asali na nta kutoka porini. Nilikata kuni za kukaushia tumbaku Urambo. Nilichemsha chumvi Uvinza, nikapiga nyundo na genge la reli karibu na Malagarasi. Hakuna kazi niliyoifanya zaidi ya misimu miwili. Lakini kila nilipofika niliuliza: mto huu unaitwaje, kiangazi maji mnayapata wapi, nani alichimba kisima kile, kwa nini watu walihama hapa? Sikuwa na sababu ya kuuliza. Wengine hula udongo, mimi niliuliza.

Kilichonikalisha mjini ni shoka. Lilinipiga mguuni, nikalazwa hospitali ya Kitete, na nilipotoka daktari akasema nitafute kazi ya kivulini. Ilikuwa miaka ya Ujamaa, ofisi zinapanuka, watu wanahitajika. Nikaajiriwa tarishi katika masjala ya ofisi moja ya serikali ambayo sitaitaja. Masjala ni chumba wanamotunza majalada yote, na tarishi ni mtu wa kuyabeba: mpelekee huyu, mrudishie yule, na usimwage chai.

Mkuu wa masjala alikuwa Mmoraviani wa makamo, mwalimu wa kwaya, shati limefungwa kifungo cha juu hata katika joto la Oktoba. Kila karatasi iliyoingia kwenye jalada aliiandikia namba ya folio, yaani ya mfuatano wake, kwenye kona ya juu kwa penseli nyekundu, kwa mwandiko wa kitabu cha shule. Kwenye meza ya mlangoni alikaa mpiga chapa, mama wa Ng'ambo, kanga begani. Mapumziko yakifika alisukuma taipureta pembeni na kutoa kitambaa cha mezani alichokuwa akidarizi maua. Ndiye aliyenipa jina.

"Bwana Miguu," alisema siku ya kwanza, akiniona nachechemea, "Mungu ana mzaha. Amekuletea kazi ya kutembea baada ya kukunyang'anya mguu."

Basi serikali ikapunguza mambo ya makao makuu na kuleta madaraka mikoani, na ofisi tatu, ya maji, ya ardhi na ya kilimo, zikahamishiwa chini ya paa letu. Masjala moja ingehudumia wote. Mkuu wangu akaweka utaratibu safi kabisa. Alimwaga majalada yote ya zamani ukumbini, akawaita watu wa idara zote tatu, kila mmoja achague yaliyo yake. Yatakayobaki ni takataka, yachomwe.

Walichagua siku mbili. Yaliyobaki yalifika kifuani kwangu. Mengi mchwa walikuwa wameyapitia kutoka sakafuni, wakala gamba la nje na karatasi za mwanzo, ukabaki mwili usio na kichwa: hakuna jina, hakuna namba. Jumatatu asubuhi nikasukuma toroli la kwanza mpaka nyuma ya ofisi nikalichoma mwenyewe. Naliandika hili kwa sababu ni kweli. Yaliwaka vizuri.

Jumanne afisa wa ardhi akaja masjala, mkono kiunoni.

"Ndugu, lile jalada la madaraja liko wapi?"

Mkuu akaniangalia. Mimi nikaangalia dirisha, ambako moshi bado ulikuwa ukifuka.

"Uliulizwa," Mkuu akasema. "Ulisema si lenu."

"Si letu! La kwetu mimi nitaliacha ukumbini? Si letu, lakini tunalitumia!"

Kabla ya saa sita afisa wa kilimo naye akaja kuulizia lile lile, kwa ajili ya magari ya mbolea. Akaja na wa maji. Wote watatu walikuwa wameulizwa na wote walijibu kweli tupu: si letu. Mpiga chapa aliacha kupiga.

"Kwa hiyo," akasema, "mnachoma vya kila mtu kwa sababu si vya mtu."

Mkuu alifungua kifungo cha juu cha shati, akakifunga tena. Akasema utaratibu ni utaratibu, yaliyobaki yatoke kwa toroli Alhamisi saa tisa alasiri.

Jioni ile dada yangu akafika. Ni mkubwa wangu kwa tumbo moja, ndiye aliyenilea. Alikuwa ameletwa na mwenye baiskeli kutoka kijijini kwake, mwendo wa nusu siku kandokando ya njia ile ya zamani, na kifuko cha karanga mapajani.

"Shikamoo, Dada."

"Marahaba. Mguu?"

"Unapona."

"Wa kwako unapona. Haya magoti yangu ndiyo yanakwisha." Akakaa kizingitini kwangu, akazinyoosha hizo nguzo zake mbili. Kisha akaniambia. Kijiji chao na vijiji vingine viwili vilikuwa vinaunganishwa kuwa kijiji kimoja cha Ujamaa. Shule itajengwa, zahanati itajengwa, yeye alikuwa wa kwanza kunyoosha mkono mkutanoni. Lakini eneo lililotajwa lilikuwa kule kwenye mbuga, ng'ambo ya safu ya mawe ya njiani. Kikao cha kupitisha kilikuwa Ijumaa, katika ofisi yangu.

"Kuishi pamoja si taabu," akasema. "Mimi napenda majirani. Taabu ni kuishi pamoja bila maji. Pale nitachota wapi? Nikitembea mpaka mtoni na magoti haya, ndoo itafika bila mimi."

Mbuga ile niliijua. Nililala pale na wabeba chumvi, tukachimba mchangani mpaka mabegani tukapata vumbi. Na nilikumbuka kitu kingine. Usiku ule nilikalia bomba la chuma lililochomoza ardhini, limefungwa mdomo kwa kifuniko. Yalikuwapo mabomba matatu ya namna hiyo. Mtu alikwisha kuchimba kutafuta maji pale, na serikali ikichimba, huandika.

Jumatano alfajiri nilikuwa mlangoni kabla Mkuu hajafika na funguo. Nikamweleza.

"Pale hakuna maji, Mzee."

"Umejuaje?"

"Nililala pale."

"Kijana, ofisi haili usingizi wako. Ofisi inakula karatasi."

"Karatasi imo ukumbini. Nipe mpaka toroli litoke."

Alinipima kwa macho. Nadhani lile jalada la madaraja lilikuwa limemkaa kifuani kuliko alivyotaka tujue. Akanipa ufunguo wa ukumbi.

Unaanzaje na rundo lisilo na majina? Nilianza kwa kusoma maandishi ya pembeni. Katika kila jalada maafisa huandikiana madokezo, huyu anamwuliza yule, yule anajibu na kuweka saini. Jina la jalada lilikuwa tumboni mwa mchwa, lakini alama za mikono iliyolishika zilibaki. Nikaona kwamba rundo halikuwa takataka hata kidogo. Jalada lililoshikwa na idara moja peke yake lilikuwa nadra. Karibu yote yaliyobaki yalikuwa na mikono miwili au mitatu, na hiyo ndiyo sababu hakuna aliyeyachukua.

Nilihitaji alama. Nikaenda kwa mpiga chapa.

"Niazime nyuzi."

"Unadarizi siku hizi, Bwana Miguu?"

Nikamweleza. Aliniangalia, akaangalia ua lake jekundu lililokuwa nusu, akamwaga kikapu chote mezani. "Buluu iwe ya maji," akasema. "Kijani kilimo. Nyekundu ardhi, maana hao ni wagomvi." Akasukuma taipureta, akanifuata ukumbini, akaketi juu ya kreti. Tukafanya kazi: mimi nasoma madokezo kwa sauti, yeye anafunga uzi. Buluu na kijani. Nyekundu na buluu. Mara kwa mara zote tatu, zimesokotwa pamoja kama msuko wa nywele za mtoto.

Tulipokuwa hatujui jalada linahusu nini, miguu yangu ndiyo iliyosoma. Karatasi inataja kijito na mkuyu ulioanguka ukawa daraja: hapo ni karibu na Usoke, nilivuka juu ya mkuyu huo huo na mzinga kichwani. Inataja josho la ng'ombe lililo bondeni, nyuma ya magofu ya nyumba za Waarabu: niliumwa na nyuki pale. Kila nilipotaja mahali, mpiga chapa aliandika kwenye kipande cha karatasi na kukibana juu.

"Kumbe hukuwa unazurura," alisema.

"Nilikuwa nazurura."

"Basi ulizurura kwa faida ya umma."

Baada ya adhuhuri nikafungua furushi moja, nikalisogeza dirishani. Ulikuwa mchoro wa mkono. Hauna kichwa, mchwa walikuwa wamekula upande mzima wenye jina. Lakini kulikuwa na barabara inayopinda mara mbili kama goti, kulikuwa na safu ya mawe, na mbuga, na vidoti vitatu vimezungushiwa duara. Ile safu ya mawe wabebaji wa zamani waliegemeza mizigo yao pale, ili wasilazimike kuinama kuishusha. Mimi mwenyewe niliegemeza gunia la chumvi pale pale. Pembeni mwa vidoti mtu ameandika: kikavu, kikavu, chumvi. Na chini yake dokezo la kilimo kuhusu udongo, na dokezo la ardhi, na la maji. Uzi wa rangi tatu.

Nilikimbia. Kwa mguu ule, nilikimbia. Mkuu alivaa miwani, akasoma taratibu, akageuza, akasoma tena. Kisha akanirudishia.

"Halina namba."

"Mzee, ni pale pale!"

"Naamini ni pale. Lakini Ijumaa mwenyekiti atauliza: hili ni jalada gani, la wapi, lilifunguliwa na nani? Nitamwambia nini? Kwamba tarishi wangu amelitambua kwa mawe? Jalada lisilo na namba haliingii kikaoni." Akavua miwani. "Litafutie namba, nitalibeba mwenyewe."

Siku hiyo ilikwisha hivyo. Dada alinipikia ugali, sikuumaliza.

Wazo lilinijia Alhamisi asubuhi nikiwa nachemsha chai ya maafisa. Jalada haliwezi kujitaja kama kichwa chake kimeliwa. Lakini majalada hutajana. Kila barua ya serikali huanza kwa kusema rejea jalada fulani, folio fulani. Kama idara tatu zilitumia mchoro ule, basi mahali fulani, katika majalada yao mazima waliyoyachukua wakayafungia makabatini, kuna mtu aliyeutaja. Hakuna haja ya kumwuliza maiti jina lake kama majirani wapo.

Nikapanga chai yangu kwa ujanja. Kwa kila afisa niliweka kikombe, nikaomba kwa adabu jalada lake la maeneo ya magharibi, "kwa ajili ya kuhakiki rejesta." Wa ardhi akagoma.

"Si ulichoma lile la madaraja wewe?"

"Ndiyo, Ndugu. Natafuta namna ya kutochoma mengine."

Akanipa.

Mpiga chapa alisoma la ardhi, mimi la kilimo. Saa nne, hakuna kitu. Saa tano, hakuna. Toroli lilikuwa limekwisha kuegeshwa mlangoni. Karibu saa saba mpiga chapa akaweka kidole kwenye karatasi na hakukiondoa. Akanivuta shati. Ilikuwa barua ya ardhi kwenda kilimo, ikisema wazi: tazama mchoro wa visima vitatu, folio ya kumi na nne, na barua kuhusu udongo wa chumvi, folio ya kumi na saba. Na namba ya jalada, kamili, tangu herufi ya kwanza mpaka tarakimu ya mwisho.

Nikafunua furushi langu. Mchwa walikula upande wa kushoto. Kona ya juu kulia, penseli nyekundu ya Mkuu ilikuwa haijaguswa. Mchoro: kumi na nne. Barua ya udongo: kumi na saba.

Mpiga chapa akapiga kigelegele. Ofisini, saa za kazi. Milango ikafunguka ukumbi mzima.

Mkuu alifungua rejesta yake ya zamani, akashuka na kidole, akafika kwenye namba ile, akakuta mwandiko wake mwenyewe. Akachukua jalada jipya, akaandika ile namba ya zamani juu kwa herufi kubwa, akaingiza karatasi moja moja. Alipomaliza akanyoosha mkono bila kuinua macho. "Uzi," akasema. Akazifunga zile rangi tatu mwenyewe. Saa tisa ilipofika alitoka mlangoni, akalitazama toroli, akalisukuma kwa mguu likarudi tupu mpaka ukutani.

Ijumaa mimi niliingia kikaoni na sinia la chai, na nilichukua muda mrefu sana kumimina. Eneo la mbuga liliposomwa, Mkuu alisimama na jalada juu ya viganja vyote viwili, kama anabeba Biblia.

"Jalada la idara gani hilo?" mwenyekiti akauliza.

Wa ardhi akasema, "Si letu." Akaona macho ya Mkuu. "Lakini tunalitumia," akaongeza upesi.

"Ni la wote, Ndugu Mwenyekiti," Mkuu akasema. "Ndiyo maana lilikaribia kupotea."

Afisa wa maji alisoma kwa sauti: kikavu, kikavu, chumvi. Mwenyekiti akashusha kalamu, akauliza, sasa watu hawa wakae wapi? Nilikuwa nimesimama na birika. Mkuu akanigeukia.

"Huyu tarishi amelala sehemu zote za njia ile," akasema. "Leo ofisi itakula usingizi wake."

Nikasema. Niliwaambia kwamba wenye misafara hawakuwa wajinga. Walipiga kambi ya siku mbili mahali pamoja tu katika kipande kile, chini ya kilima, upande wa jua linapozama, na watu mia hawakai siku mbili mahali pasipo na maji. Kiangazi nilikunywa pale kwa kufukua kiasi cha kiwiko. Afisa wa maji akaandika. Jumatatu nilipanda Landrova kwa mara ya kwanza maishani mwangu, nimekaa mbele, naonyesha njia kwa kidole. Walichimba, na mchana maji yakaja, ya matope kwanza, kisha meupe. Dereva alivua viatu akaingia.

Kijiji kilijengwa pale. Masjala nayo ikapata kabati jipya lililosimama katikati ya chumba, si ukutani, ili kila idara ilifikie bila kuomba. Mkuu aliandika juu yake, kwa ule mwandiko wake wa kitabu cha shule: Majalada ya Pamoja. Sheria yake ilikuwa moja. Huwezi kuondoa lolote kwa kusema si lenu, lazima kwanza rangi zote zilizo kwenye uzi wake zikubali. La madaraja halikurudi, nililichoma. Lakini kulikuwa na nafasi tupu kwenye kabati ambayo Mkuu hakuruhusu ijazwe. Mimi nilidumu pale miaka miwili na ushee, muda mrefu kuliko nilivyodumu popote, kisha miguu ikaanza kuwasha na nikapanda treni ya Mpanda.

Kabla ya kuondoka nilikwenda kwa dada. Nilimkuta amekaa kwenye ukingo wa saruji wa kisima, hatua ishirini kutoka mlango wake, miguu ameinyoosha, anawaelekeza wanawake wenzake jinsi ya kufunga kamba kana kwamba kisima alikizaa yeye.

"Ni huyu," akawaambia. "Alikataa shule, akaenda kusoma vijito."

Wakacheka. Nikaomba maji.

"Ndoo ile pale," akasema. "Mimi magoti yangu yamestaafu. Chota mwenyewe, na uninyweshe na mimi."

Nikachota.